Mkopo wa nyumba wa miaka 20 kwa mtu wa Tabora: bei yake halisi mpaka hati irudi mkononi

Mkopo wa nyumba unaouzwa na mabenki mjini Tabora ni ule ule unaouzwa Dar es Salaam na Mwanza. Benki inakupa fedha za kununua, kujenga au kumalizia nyumba, nyumba yenyewe inawekwa rehani, nawe unarejesha kila mwezi kwa miaka 5, 10, 15, 20, na mahali pengine hadi 25. Tumeupima kwa kitu kimoja tu: jumla ya shilingi zitakazotoka mfukoni mwako tangu siku ya kusaini barua ya ofa hadi siku unayochukua hati yako.

Tusizungushe. Mkopo huu ukichukuliwa kwa miaka 10 ni ghali lakini unabebeka na unaweza kumfaa mtu mwenye mshahara wa kueleweka. Ukichukuliwa kwa miaka 20 kwa riba za sasa, unalipia nyumba moja kwa bei ya nyumba tatu. Anayeuchukua kwa muda huo awe na sababu nzito, na awe na mpango wa kuumaliza mapema ulioandikwa ndani ya mkataba.

Hesabu ya mfano

Chukua nyumba ya vyumba vitatu maeneo ya Ipuli, bei milioni 75. Mnunuzi anatoa milioni 15 zake mwenyewe, benki inaweka milioni 60. Riba tuseme ni asilimia 15 kwa mwaka, inayopungua kulingana na salio, yaani inatozwa kwenye deni lililobaki tu. Huu ni mfano. Wewe weka namba iliyo kwenye barua yako ya ofa.

Kwa miaka 20 rejesho la kila mwezi ni shilingi 790,074. Zidisha kwa miezi 240, unapata shilingi 189,617,760. Umekopa milioni 60, riba peke yake ni karibu milioni 130.

Jumla hiyo inatisha, lakini linaloumiza zaidi ni mpangilio wake. Mwezi wa kwanza benki inachukua salio la milioni 60, inazidisha kwa asilimia 15, inagawa kwa 12: riba ni shilingi 750,000. Katika rejesho lako la 790,074, kinachopunguza deni ni shilingi 40,074 tu. Mwaka wa kwanza wote unalipa shilingi 9,480,888, na deni linashuka kwa shilingi 515,000 hivi. Ukifika miaka mitano umeshatoa zaidi ya milioni 47 na bado unadaiwa milioni 56 na laki nne. Ukifika miaka kumi, nusu ya safari, umetoa karibu milioni 95 na bado unadaiwa karibu milioni 49. Deni halifiki nusu ya ulichokopa mpaka ndani ya mwaka wa kumi na sita.

Hapo ndipo watu wengi wanapochanganyikiwa na kudhani wameibiwa. Mtumishi aliyelipa miaka minane bila kukosa mwezi anaomba taarifa ya salio ili auze nyumba au ahamishie mkopo benki nyingine, anaona namba iliyo karibu na ile aliyoanza nayo. Kwa kawaida hakuna wizi hapo. Riba inatozwa kwenye salio, na salio likiwa kubwa, karibu rejesho lote linaishia kwenye riba. Ndiyo maana ratiba ya marejesho, ile karatasi yenye safu za riba, deni la msingi (fedha yenyewe uliyokopa, bila riba) na salio kwa kila mwezi, ni ya kuisoma kabla ya kusaini. Idai yote, miezi yote 240, usiridhike na ukurasa wa kwanza. Mstari wa kwanza unaweza kuukagua kwa kikokotoo cha simu: salio mara riba ya mwaka, gawa kwa 12. Kama safu ya riba haifanani na jibu lako, muulize afisa mikopo tofauti imetoka wapi, na akujibu kwa maandishi.

Muda ndio unaopandisha bei

Watu wanabishana juu ya riba, asilimia 15 au 16, wanauacha muda upite bila mjadala. Kwa mkopo ule ule wa milioni 60 kwa asilimia 15, miaka 15 inakupa rejesho la shilingi 839,752. Tofauti na miaka 20 ni kama shilingi 49,700 kwa mwezi, na hizo 49,700 zinakuokolea zaidi ya milioni 38 za riba. Ukibana hadi miaka 10, rejesho ni 968,010, jumla yote milioni 116 na ushee. Yaani kwa kuongeza kama shilingi 178,000 kwa mwezi unaondoa zaidi ya milioni 73 kwenye bei ya nyumba.

Tazama na upande wa pili. Afisa anakwambia, "Tukusogezee hadi miaka 25 upate nafuu?" Rejesho linashuka hadi 768,498. Nafuu yenyewe ni shilingi 21,576 kwa mwezi, na gharama yake ni karibu milioni 41 zaidi kwenye jumla. Kwa riba za namna hii, kuvuta muda kupita miaka 15 hakupunguzi rejesho kwa maana yoyote. Rejesho haliwezi kushuka chini ya ile 750,000 ya riba hata ukipewa miaka mia. Ofa ya miaka 25 hatumshauri mtu yeyote aipokee.

Kwa mtumishi wa umma umri nao unaingia. Kustaafu kwa lazima ni miaka 60, kwa hiyo mwalimu wa miaka 45 kwa kawaida hapewi zaidi ya miaka 15. Wengi wanalilalamikia sharti hili, lakini kwa hesabu ya hapo juu linawakinga.

Kwa nini riba iko juu hivyo

Benki Kuu ilianza kutumia Riba ya Benki Kuu Januari 2024, ikaanza na asilimia 5.5 na Aprili mwaka huo ikapanda hadi 6. Msomaji ana haki ya kuuliza kwa nini mkopo wa nyumba uko mbali sana na hapo. Riba hiyo inaongoza mikopo ya siku chache kati ya mabenki, na mkopo wa nyumba ni fedha zinazofungwa miaka mingi. Amana nyingi za mabenki yetu ni za muda mfupi, mwenye nazo anaweza kuja kesho kuzichukua. Benki ikitaka kuweka fedha zake kwa miaka 20 ina mahali pengine salama pa kuziweka: hatifungani za serikali za miaka 20 na 25 zimewahi kutoa riba ya zaidi ya asilimia 15. Serikali ikikopa kwa bei hiyo, wewe utakopeshwa kwa ipi? Kampuni ya TMRC ilianzishwa mwaka 2010 ili iyakopeshe mabenki fedha za muda mrefu kwa ajili ya mikopo ya nyumba, na riba zimeshuka ukilinganisha na zile za zaidi ya asilimia 20 za wakati ule. Bado hazijafika mahali pa kumruhusu mtu wa kipato cha kati achukue miaka 20 bila kuumia.

Kuna wanaojifariji kwamba shilingi itashuka thamani na deni litakuwa dogo lenyewe. Mfumuko wa bei nchini miaka ya karibuni umekuwa kati ya asilimia 3 na 5. Ukitoa hizo kwenye 15 unabaki na riba ya kweli ya asilimia 10 au zaidi kila mwaka. Kushuka kwa shilingi hakutakulipia deni hili.

Riba ya aina gani

Swali la kwanza kwa afisa: riba inapungua na salio, au haipungui? Riba isiyopungua hutozwa kwenye kiasi chote ulichokopa hadi mwisho, hata kama umeshalipa robo tatu. Milioni 60 kwa asilimia 10 isiyopungua, miaka 10, ni riba ya milioni 60 na rejesho la milioni moja kwa mwezi. Asilimia 10 inapendeza machoni, lakini ukiigeuza kuwa riba inayopungua ni karibu asilimia 16, ghali kuliko ile 15 iliyokuogopesha.

Swali la pili: riba ni ya kudumu au inabadilika? Mikataba mingi ya muda mrefu inaipa benki haki ya kuibadili baada ya kukutaarifu. Kwenye mfano wetu, riba ikipanda mapema kutoka 15 hadi 17, rejesho linatoka 790,074 hadi kama 880,000. Kuna benki zinazoliacha rejesho lilivyo na kurefusha muda, na mteja hushukuru. Lakini asilimia 17 ya milioni 60 ni riba ya shilingi 850,000 kwa mwezi, na wewe unalipa 790,074. Rejesho halifikii hata riba. Deni linakua kila mwezi unapolipa, wala muda wowote hautalimaliza. Tafuta kifungu hicho kwenye mkataba na uone kinasema nini: notisi ya siku ngapi, kipimo gani kinaamua kupanda, na kama kipimo hicho kikishuka nawe utashushiwa. Kifungu kinachoruhusu kupanda bila kusema lolote juu ya kushuka, omba kirekebishwe.

Kwa wanaochukua mkopo usio na riba kwa misingi ya Kiislamu, benki hununua nyumba na kukuuzia kwa bei iliyoongezwa faida. Ubora wake ni kwamba bei yote unaijua siku ya kwanza na haipandi. Pima jumla hiyo pembeni ya jumla za hapo juu kwa muda ule ule. Halafu uliza jambo moja: ukimaliza mapema, benki itakupunguzia faida ya miaka iliyobaki? Kwa mikataba mingi punguzo hilo ni hiari ya benki, si haki yako, hivyo kama wameahidi kwa mdomo, ombeni liandikwe.

Gharama zisizomo kwenye rejesho

Kabla ya fedha kutoka kuna ada ya kushughulikia mkopo, mthamini aliyesajiliwa, wakili, ushuru wa stempu na usajili wa rehani kwa Msajili wa Hati. Kwa mfano wetu tumetenga milioni 2 na nusu kwa vyote. Mara nyingi ada ya benki inakatwa juu kwa juu: ikiwa asilimia 1.5, unapokea milioni 59 na laki moja lakini riba unatozwa kwenye 60. Kama bei ya muuzaji ni kamili, laki tisa hiyo uwe nayo pembeni, la sivyo mauzo yanakwama siku ya mwisho.

Kisha bima mbili. Bima ya moto ya kila mwaka inapaswa kuhesabiwa kwenye gharama ya kulijenga upya jengo, si kwenye bei ya jengo na kiwanja kwa pamoja, kwa sababu kiwanja hakiungui. Bima ya maisha ya mkopaji inalipa deni ukifariki au ukipata ulemavu wa kudumu. Hii usiikwepe; ndiyo inayowaachia watoto nyumba badala ya deni. Angalia tu inatozwa juu ya nini. Ikiwa ni nusu asilimia kwa mwaka kwenye kiasi cha awali, ni laki tatu kila mwaka, milioni 6 kwa miaka 20. Ikitozwa kwenye salio linalobaki ni kama milioni 4 na nusu. Ukiongeza bima ya moto, tuseme kama laki moja na tisini kwa mwaka, na zile gharama za mwanzo, jumla ya mkopo inavuka milioni 200. Weka na milioni 15 zako za mwanzo: nyumba ya milioni 75 imekugharimu milioni 215.

Pango la ardhi la kila mwaka, na kodi ya majengo ambayo tangu 2021 inakatwa kupitia LUKU, ungelipa hata ukijenga kwa fedha zako, kwa hiyo hatukuzihesabu.

Kumaliza mapema

Hili ndilo eneo lenye faida kubwa kuliko yote. Tuseme mwisho wa mwaka wa kwanza umepata milioni 2, posho au mauzo ya mahindi na karanga, ukazipeleka kupunguza deni la msingi. Benki ikiliacha rejesho pale pale kwenye 790,074 na kufupisha muda, marejesho 34 yanafutika, karibu miaka mitatu. Ukiondoa milioni 2 zako, umeokoa kama milioni 25.

Sasa benki ile ile ipokee milioni 2 zile zile, iache muda ulivyo na kupunguza rejesho. Rejesho jipya ni kama 763,500, na faida yako yote kwa miaka 19 iliyobaki ni milioni 4 tu. Tofauti ya milioni 21 imetoka kwenye sentensi moja ya barua. Kwa hiyo unapopeleka fedha za ziada andika barua yenye maneno haya: "Naomba kiasi hiki kipunguze deni la msingi, rejesho la mwezi libaki lilivyo, muda ufupishwe." Pigiwa muhuri wa kupokelewa kwenye nakala yako, na ndani ya wiki chache dai ratiba mpya. Fedha iliyoingizwa kwenye akaunti bila barua huweza kukaa pale ikikatwa kama marejesho ya miezi inayokuja, na salio lisiguswe kabisa.

Kabla ya kusaini, ulizia pia adhabu ya kulipa mapema: ni asilimia ngapi, ya kiasi gani, na inaisha mwaka wa ngapi. Adhabu ya asilimia 2 kwa kiasi unachotanguliza inavumilika. Sharti la kutoruhusiwa kupunguza deni kabisa kwa miaka mitano ya mwanzo halivumiliki, kwa sababu hiyo ndiyo miaka ambayo shilingi yako ina nguvu zaidi.

Kujenga kwa mkopo, na mvua za Tabora

Mkopo wa kujenga hautoki wote kwa mara moja. Unatoka kwa mafungu, msingi, ukuta, kupaua, umaliziaji, na kila fungu linasubiri mtaalamu akague na aandike cheti. Wakati huo riba inahesabiwa kwenye fedha iliyokwisha toka. Mafungu matatu ya milioni 20, la kwanza mwanzoni, la pili baada ya miezi minne, la tatu baada ya minane, yanazalisha riba ya kama milioni 6 kwa mwaka mmoja wa ujenzi. Ukiilipa kila mwezi, imeisha. Ukikubali iongezwe kwenye deni, unaanza na milioni 66: rejesho linapanda hadi 869,000, na milioni 6 zile zinakugharimu karibu milioni 19 kufikia mwisho. Miezi hiyo ya ujenzi, inayoitwa ya "kupumzika" kwa sababu marejesho hayajaanza, ni bora uilipie riba yake.

Mvua zetu zinaanza Novemba na kuendelea hadi Aprili. Fungu la kwanza likitoka Oktoba, mtaro wa msingi unachimbwa mvua ikiingia, matofali yaliyofyatuliwa hayakauki wala hayachomeki, lori la mchanga linanasa kwenye barabara za mtaani huko Mwinyi au Malolo, na mkaguzi hawezi kusaini hatua ambayo haijakamilika. Miezi minne inapotea huku riba ya milioni 20, shilingi laki mbili na nusu kwa mwezi, inatembea. Panga fungu la kwanza litoke Mei. Na kwenye bajeti weka dawa ya mchwa kwa ajili ya msingi na mbao za paa, tangu mwanzo. Kwenye ardhi ya huku paa lisilotiwa dawa ni gharama itakayokuja ungali unadaiwa.

Ukilinganisha na kujenga kidogo kidogo

Mshindani halisi wa bidhaa hii Tabora ni mkopo wa mshahara: mtu ana kiwanja, anakopa milioni 20 kwa miaka mitatu, anapandisha ukuta, anamaliza deni, anakopa tena. Kwa asilimia 16 milioni 20 za miaka mitatu zina rejesho la shilingi 703,140 kwa mwezi. Tuseme vifaa vinapanda asilimia 4 kila mwaka, hivyo mkopo wa pili uwe milioni 22 na nusu na wa tatu milioni 25 na laki tatu. Rejesho la pili ni kama 791,000, la tatu kama 890,000. Kwa miaka tisa umelipa kama milioni 86. Ongeza kodi ya pango ya laki moja na nusu kwa mwezi kwa miaka saba unayosubiri kuhamia, milioni 12 na laki sita. Jumla haifiki milioni 100, kwa nyumba ambayo kwa rehani ya miaka 20 ingekula karibu milioni 190 za marejesho.

Kwa mtu mwenye kiwanja chake na nidhamu, njia hii inaishinda rehani ya miaka 20 bila ubishi. Inashindwa mahali pamoja, na ni pakubwa: mkopo wa mshahara haukaguliwi. Fedha inaingia kwenye akaunti na kila ndugu ana haja. Benki nayo inakupigia simu mwaka wa pili ikikuomba uongeze mkopo juu ya mkopo, muda unaanza upya, na ukuta unabaki kwenye lenta miaka kumi. Anayejijua kwamba fedha mkononi haikai, mafungu ya benki na mkaguzi wake yanaweza kumfaa, ila kwa miaka 10. Kwa mtumishi, kumbuka sheria ya theluthi moja ya mshahara kubaki mkononi: mkopo wa mshahara ulio nao tayari unakula nafasi ya rejesho la nyumba, na aghalabu ndiyo sababu maombi hukataliwa.

Mkulima wa tumbaku wa Urambo, Kaliua au Sikonge bidhaa hii haijamfikiria vizuri. Fedha yake inakuja msimu wa soko, rejesho linataka kila mwezi, na penati ya kuchelewa inaanza mwezi ule ule. Akiomba mkopo huu, adai ratiba inayofuata msimu, au atenge fedha ya miezi 12 kwenye akaunti mara tu soko linapolipa. Bila moja ya hayo asisaini.

Panapokwama

Kwanza hati. Bila hati miliki iliyosajiliwa, rehani ya miaka mingi ni ngumu kupatikana, na viwanja vingi vya pembeni mwa mji vina barua ya serikali ya mtaa na mkataba wa kuuziana tu. Angalia na miaka iliyobaki kwenye hati: ya miaka 33 iliyotolewa zamani inaweza kuwa inakaribia kwisha kabla ya mkopo. Halafu majina. Hati imeandikwa Saidi, kitambulisho cha NIDA kinasema Said, mshahara unatoka kwa jina la tatu. Kila tofauti inataka kiapo cha majina, na benki haitoi fedha mpaka yalingane. Mthamini akifika uwanjani anatafuta bikoni. Zikiwa zimefukiwa au zimeng'olewa, mpimaji anaitwa tena kwa gharama yako. Na ukuta wa choo ukiwa umevuka mpaka kwa nusu mita, thamani inashushwa au kazi inasimama.

Nyumba ya ndoa inahitaji ridhaa ya mwenza kwa mujibu wa Sheria ya Ardhi Namba 4 ya 1999, hata kama hati ina jina la mmoja. Mwenza asaini akiwa ameisoma ratiba ile ya miezi 240. Rehani hiyo inawagusa wote wawili.

Benki hukopesha kwa kuangalia thamani ya kuuza kwa haraka, na Tabora wanunuzi wenye fedha taslimu si wengi, hivyo thamani hiyo huwa chini sana ya uliyotumia kujenga. Ukishindwa kulipa, sheria inakupa notisi ya siku 60 kabla ya benki kuchukua hatua ya kuuza, na nyumba ikiuzwa kwa bei ya haraka miaka ya mwanzo, inaweza isilifikie hata deni. Tumesikia hoja kwamba reli ya kisasa itapandisha bei za mji huu wa njia panda. Huenda ikawa hivyo. Usikope kwa kutegemea hilo.

Uhamisho nao upangiwe mapema. Ukipelekwa Kigoma au Katavi rejesho linaendelea. Ukibadili mwajiri, makato yanakatika bila mtu kukuambia, na mwezi wa kwanza usiolipwa unaandikwa kwenye taarifa zako za mikopo. Wiki ile ile unayopata barua ya uhamisho au ya ajira mpya, ipeleke nakala benki na uweke agizo la kukata kwenye akaunti mpya.

Mkopo ukiisha, kazi bado. Omba benki barua ya kumaliza deni na fomu ya kuondoa rehani iliyosainiwa na kugongwa muhuri, chukua hati yako halisi, nenda Ofisi ya Ardhi ya Mkoa, lipia, na ombi lisajiliwe. Baada ya hapo lipia upekuzi wa hati yako mwenyewe, uone kwa macho kwamba mstari wa rehani umefutwa.